P. G. Wodehouse: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

P. G. Wodehouse ni nani hasa?

Ni mwandishi wa vichekesho wa Uingereza, aliyezaliwa Guildford tarehe 15 Oktoba 1881 na kufariki Long Island, Marekani, tarehe 14 Februari 1975 akiwa na miaka 93. Aliandika vitabu zaidi ya 90, mamia ya hadithi fupi za magazeti, tamthilia, na mashairi ya nyimbo za jukwaani. Wengi wanamfahamu kwa ajili ya mtumishi mmoja mwenye akili kuliko bwana wake, aitwaye Jeeves. Jina lake kamili ni Pelham Grenville, jina ambalo mwenyewe hakulipenda. Ndugu na marafiki walimwita Plum.

Mbona vitabu vyake vimejaa mashangazi?

Kwa sababu alilelewa nao. Baba yake alikuwa hakimu Hong Kong, na mama yake alikuwa Uingereza kwa matembezi tu alipojifungua. Mtoto alipelekwa Hong Kong, lakini hata hakukaa: akiwa na miaka kama miwili alirudishwa Uingereza pamoja na kaka zake, akakabidhiwa yaya, kisha shule za bweni. Likizo walizungushwa kwa jamaa: leo kwa shangazi huyu, mwezi ujao kwa mama mkubwa yule, kesho kutwa kwa mjomba kasisi. Wazazi aliwaona kwa nadra sana.

Mtu mwingine angetoka hapo na kitabu cha machungu. Wodehouse alitoka na Shangazi Agatha, ambaye Bertie Wooster, bwana wa Jeeves, humwogopa kuliko polisi, na Shangazi Dahlia, mwenye sauti iliyokomazwa kwa miaka ya kuwapigia kelele mbwa wa uwindaji, ambaye Bertie anampenda kwa dhati hata anapomtuma kuiba. Wazazi, kwa upande mwingine, karibu hawaonekani katika hadithi hizo. Sidhani ni bahati mbaya, ingawa mwenyewe angecheka kama ungemwambia hivyo.

Alisoma wapi?

Dulwich College, kusini mwa London, kuanzia 1894 hadi 1900. Aliipenda shule hiyo maisha yake yote. Alicheza kriketi na raga katika timu za kwanza za shule, alisaidia kuhariri gazeti la shule, na alisoma Kilatini na Kigiriki kwa bidii. Alitarajia kwenda Oxford kama kaka yake Armine, lakini pensheni ya baba ililipwa kwa rupia, na thamani ya rupia ilikuwa ikiporomoka. Hapakuwa na fedha za kusomesha wawili. Akapelekwa benki.

Ni kweli alifanya kazi benki?

Kweli, katika ofisi ya London ya Hongkong and Shanghai Bank, kuanzia 1900 hadi 1902. Hakuielewa kazi hiyo hata kidogo. Mchana alihamishwa idara hadi idara, usiku aliandika.

Kuna kisa alichopenda kukisimulia. Siku moja ililetwa leja mpya, ukurasa wa kwanza mweupe unang'aa. Kijana akashindwa kujizuia, akaandika juu yake maelezo ya kuchekesha kuhusu sherehe rasmi ya kuizindua leja hiyo. Kisha hofu ikamwingia, akachukua kisu na kuukata ukurasa wote. Mhasibu mkuu alipogundua leja haina ukurasa wa kwanza, alimwita muuza vitabu vya hesabu na kumgombeza kwa kuleta mali mbovu. Kwa mwandishi wa vichekesho, kisa kinachosimuliwa mara nyingi huongezwa chumvi, kwa hiyo kipokee hivyo. Uzoefu wa benki ulizaa riwaya ya *Psmith in the City* mwaka 1910, ambamo kijana mmoja mrefu, mtanashati na msemaji asiyenyamaza anamtesa meneja wake kwa adabu tupu.

Mwaka 1902 alipata kazi kwenye safu ya vichekesho ya gazeti la *The Globe*, akaiaga benki. Mwaka huohuo kikatoka kitabu chake cha kwanza, *The Pothunters*, hadithi ya shule.

Jeeves na Bertie Wooster ni akina nani?

Bertie ni kijana tajiri wa London, hana kazi, hana mke, hana ubaya. Hushinda na marafiki zake katika klabu iitwayo Drones. Jeeves ni mtumishi wake binafsi: humletea chai asubuhi, humchagulia nguo, na humwokoa kila anapochumbiwa kwa bahati mbaya na msichana mwenye mpango wa kumrekebisha. Jeeves alitokea mara ya kwanza katika hadithi fupi ya mwaka 1915, akiwa na maneno mawili matatu tu. Jina lilitoka kwa Percy Jeeves, mcheza kriketi wa Warwickshire aliyeuawa vitani Somme mwaka 1916.

Mpango wa hadithi karibu zote ni uleule. Rafiki wa Bertie ana shida ya mapenzi au ya fedha, au zote mbili. Bertie analeta suluhisho lake mwenyewe, mambo yanaharibika maradufu. Jeeves, ambaye wakati huo amenuna kwa sababu Bertie amenunua koti au soksi zisizofaa, anangoja. Mwishoni anapanga kila kitu, na koti linatupwa.

Msomaji akiuliza, "Sasa kama ni uleule, nasoma nini?" jibu ni: sauti ya Bertie. Yeye ndiye msimulizi karibu wa hadithi zote. Ni mtu aliyesoma shule nzuri akabaki na vipande: nusu ya mstari wa Shakespeare, robo ya Biblia, misemo ya vijana wa mjini, yote yakichanganywa katika sentensi moja. Akikwama katikati ya nukuu, Jeeves anaimalizia kwa upole. Bertie anajua kwamba yeye si mwerevu, na anatueleza hivyo bila aibu. Ndiyo maana hatumchoki.

Nionyesheni sehemu moja inayochekesha.

Sura ya kugawa zawadi katika *Right Ho, Jeeves* (1934). Yeyote aliyewahi kukaa juani kwenye mahafali ya shule akimsikiliza mgeni rasmi ataielewa mara moja.

Gussie Fink-Nottle ni mtu mwenye haya kupindukia. Anaishi kijijini akifuga wanyama wadogo wa majini wafananao na mijusi, na hawezi kumtamkia neno msichana anayempenda. Shangazi Dahlia alikuwa amemtwika Bertie kazi ya kuwa mgeni rasmi kwenye shule ya Market Snodsbury, na kwa hila za Bertie ni Gussie anayejikuta nayo. Bertie anaamua kumpa ujasiri kwa kutia pombe kali kwenye jagi lake la juisi ya machungwa. Jeeves naye, bila kumwambia Bertie, ametia yake. Wasichojua wote wawili ni kwamba Gussie mwenyewe alikuwa amekwisha kunywa wiski kavu kabla ya kuigusa juisi.

Basi anapanda jukwaani. Anaanza kwa kumsahihisha mwenyekiti aliyemtambulisha kwa jina lisilo lake. Anawaambia wanafunzi dunia ni nzuri mno. Anasimulia hadharani mambo ya faragha ya jamaa aliowaona ukumbini. Halafu anakuja mtoto mdogo, G. G. Simmons, kupokea zawadi ya maarifa ya Biblia. Gussie anamtazama kwa jicho la mpelelezi, anaanza kumhoji kuhusu nasaba za wazee wa Agano la Kale, kisha anamshuku waziwazi kuwa alifanya udanganyifu. Na katika hotuba hiyo anamgeukia Bertie aliyejificha nyuma ya ukumbi, na kueleza kwamba Bertie naye alipata zawadi hiyohiyo utotoni, kwa njia anazozijua yeye.

Kinachoifanya sura hii isimame ni subira. Imejengwa kwa sura kadhaa kabla yake: haya ya Gussie, jagi, siri ya Jeeves, zawadi ya Bertie ya zamani anayojivunia. Gussie anapofungua kinywa, kila kitu tumekwisha kupewa. Tunangoja tu kiripuke.

Na Blandings ni nini?

Ni ngome ya kikabaila huko Shropshire, makazi ya Lord Emsworth, mzee msahaulifu anayetaka jambo moja tu: aachwe na nguruwe wake. Mfululizo ulianza na *Something Fresh* mwaka 1915, lakini nguruwe huyo, Empress of Blandings, aliingia mwaka 1927. Ni jike mkubwa mweusi, bingwa wa mashindano ya nguruwe wanene. Watu humwiba, humficha, humpakia garini. Yeye hula tu.

Najua msomaji wa pwani anaweza kusita kidogo kwa nguruwe kuwa nyota wa hadithi. Nasema jaribu. Huyo mnyama ndiye mwenye heshima kuliko wote waliomo ndani ya ngome.

Kwa maoni yangu Blandings inapita hadithi za Jeeves kwa utamu wa mandhari. Ni daima kiangazi, jua linatua juu ya nyasi, na tatizo kubwa kuliko yote ni dada wa Lord Emsworth aitwaye Constance.

Aliandikaje? Ilimjia kirahisi?

Hapana, na hapa ndipo wengi wanapomkosea. Sentensi zake zinateleza kiasi kwamba unadhani alizitoa mdomoni. Kwa riwaya moja aliandika mamia ya kurasa za maelezo ya mpango kabla ya kuanza sura ya kwanza: nani anaingia mlango gani, nani ameona barua, nani hajaona. Alijifunza hilo katika tamthilia za nyimbo za New York alizoandika pamoja na Guy Bolton na mtunzi wa muziki Jerome Kern, kuanzia miaka ya 1910. Jukwaani mhusika asiye na kazi ni mshahara unaopotea bure, na yeye akaiweka sheria hiyo kwenye riwaya. Shairi la wimbo "Bill", unaoimbwa katika *Show Boat* ya 1927, ni lake.

Baada ya mpango, aliandika na kuandika tena. Inasimuliwa kwamba alibandika kurasa ukutani, na ukurasa ulipandishwa juu kadiri ulivyozidi kunoga. Ulio chini ulikuwa bado una deni.

Nukuu moja tu, ya tabaruku ya *The Heart of a Goof* (1926), kitabu cha hadithi za gofu. Amekitabaruku kwa binti yake Leonora, ambaye bila huruma na kumtia moyo kwake kusikokoma, anasema, kitabu hiki kingemalizika kwa nusu ya muda.

Leonora alikuwa binti yake wa kumzaa?

Alikuwa binti wa mkewe Ethel, mjane wa Kiingereza aliyemwoa New York tarehe 30 Septemba 1914. Wodehouse alimpa jina lake na kumpenda kama damu yake. Leonora alifariki ghafla Mei 1944 baada ya upasuaji mdogo, wakati wazazi wako Paris chini ya Wajerumani, na habari ziliwafikia kwa kuchelewa. Inasemekana alipoambiwa alinyamaza, kisha akasema alidhani Leonora hafi.

Ni kweli Hollywood walimlipa kwa kutofanya kazi?

Mwenyewe ndiye aliyesema! Mwaka 1930 kampuni ya filamu ya MGM ilimwajiri kwa dola 2,000 kwa wiki. Juni 1931 alimwambia mwandishi wa *Los Angeles Times* kwamba amelipwa dola 104,000 na kazi aliyoifanya ni kidogo mno. Alikuwa akishangaa tu, hakuwa akishtaki mtu. Gazeti likachapisha, na wenye fedha wakashtuka.

Mkumbuke mtu huyu mwenye mazoea ya kusema ukweli wa kuchekesha hadharani, maana swali lifuatalo linamhusu.

Alikuwa msaliti aliyewasaidia Wanazi?

Hili ndilo linaloulizwa kuliko yote, kwa hiyo tulieni.

Tangu 1934 Wodehouse na mkewe waliishi Le Touquet, kaskazini mwa Ufaransa, kwa sehemu kwa sababu ya ugomvi wa kodi na serikali mbili kwa pamoja. Mei 1940 jeshi la Ujerumani likaifika Le Touquet kabla hawajaondoka. Wanaume raia wa Uingereza walio chini ya miaka 60 walikamatwa. Yeye alikuwa na 58. Alipelekwa gereza la Loos, kambi ya Liège, ngome ya Huy nchini Ubelgiji, na mwishowe Tost katika Silesia ya Juu (eneo ambalo sasa liko Poland), ambako wafungwa walikaa kwenye jengo lililokuwa hospitali ya wagonjwa wa akili. Huko akaandika riwaya nzima, *Money in the Bank*.

Tarehe 21 Juni 1941, miezi michache kabla ya kutimiza 60, aliachiwa na kupelekwa Berlin. Alishawishiwa kusoma redioni hotuba tano kwa wasomaji wake wa Marekani, nchi ambayo bado haikuwa vitani. Yaliyomo ni masimulizi ya maisha ya kizuizini kwa dhihaka: namna ya kupanga mistari, supu, walinzi, na kauli kwamba kama hii ndiyo Silesia ya Juu, hiyo ya Chini itakuwaje. Hakuna neno la kumsifu Hitler. Lakini idhaa ilikuwa ya Wanazi, na London ilikuwa imetoka kupigwa mabomu kwa miezi.

Uingereza ilichemka. Waziri wa Habari, Duff Cooper, aliilazimisha BBC, japo wakuu wake walipinga, kumpa nafasi mwandishi William Connor, aliyetumia jina la Cassandra, amtukane hewani tarehe 15 Julai. Baadhi ya maktaba ziliviondoa vitabu vyake. A. A. Milne, muumbaji wa Winnie-the-Pooh, alimshambulia gazetini. George Orwell alimtetea mwaka 1945, akisema kosa lake lilikuwa upumbavu, si uhaini.

Meja Cussen wa idara ya usalama MI5 alimhoji Paris mwaka 1944 na kufikia uamuzi unaokaribiana na huo: alikosa busara, lakini hakuna kesi ya kumshtaki nayo. Ripoti hiyo haikutolewa hadharani hadi 1980, miaka mitano baada ya yeye kufa. Yaani serikali ilijua na ikanyamaza, na mzee akaishi akidhani akikanyaga kwao anaweza kukamatwa. Hapo mimi lawama naigawa: yake ilikuwa kubwa kwa siku chache za 1941, ya hao wakubwa ilidumu zaidi ya miaka 30.

Kwa nini mtu mwerevu alikubali upuuzi huo?

Alisema alitaka kuwashukuru wasomaji wa Marekani waliomwandikia barua akiwa kambini. Naamini. Pia naamini jambo la pili: kipaji chake chote kilikuwa kuchukua kinachotisha na kukifanya kiwe kidogo. Shangazi, hakimu, mwalimu mkuu, wote waliingia kwenye mashine hiyo wakatoka vikaragosi. Aliijaribu kwa kizuizi cha Wanazi, na kwa wafungwa wenzake kambini ilifaa, wakacheka. Redioni Berlin haikufaa.

Kwa hiyo hakuijua siasa kabisa?

Msikimbilie kusema hivyo. Mwaka 1938, katika *The Code of the Woosters*, alimchora Roderick Spode, mtu mkubwa mwenye sharubu ndogo anayeongoza kundi la wafashisti wanaovaa kaptura nyeusi, kwa sababu mashati ya rangi zote yalikwisha kuchukuliwa na makundi mengine. Ni Oswald Mosley mtupu, kiongozi wa wafashisti wa Uingereza. Spode anatishia watu kote kitabuni, hadi inapogundulika kwamba ana duka la nguo za ndani za kike. Ninavyoona mimi, ni moja ya dhihaka kali kuliko zote dhidi ya ufashisti, na iliandikwa kabla ya vita.

Je, kuna kinachokera kwa msomaji Mwafrika?

Kipo. Katika *Thank You, Jeeves* (1934) kisa kinategemea waimbaji wa Kizungu waliopaka nyuso nyeusi, Bertie naye anajipaka, na neno la matusi kwa watu weusi limetumika. Kwa wakati wake lilikuwa jambo la kawaida. Haliwi zuri kwa hilo. Kitabu hicho usikianzie. Tena, utajiri wa mabwana hawa hauelezwi umetoka wapi, na msomaji wa nchi iliyotawaliwa ana haki ya kuuliza. Hadithi hazijibu. Zinachofanya ni kuonyesha kwamba tabaka hilo haliwezi hata kufunga mkoba bila mtumishi.

Aliwahi kuigusa Afrika Mashariki?

Kwa kalamu tu. Katika *Ice in the Bedroom* (1961), Freddie Widgeon amekwama kwenye ofisi ya mwanasheria London akiota kupata fedha za kuingia ubia katika shamba la kahawa Kenya. Kwa Wodehouse, Kenya hiyo ni mahali pa kutorokea ofisi. Mwaka wa kitabu hicho, Kenya yenyewe ilikuwa miaka miwili tu kabla ya uhuru, na kitabu hakina habari.

Alirudi Uingereza baada ya vita?

Hapana. Alihamia Marekani mwaka 1947 na kuwa raia mwaka 1955. Alikaa Remsenburg, Long Island, na mkewe, mbwa na paka wengi, mazoezi ya viungo kila asubuhi, na taipureta. Mwaka 1961 mwandishi wa riwaya Evelyn Waugh alisoma BBC tamko la kumsafisha. Hata Cassandra alikwisha kupatana naye.

Cheo cha Sir kilichelewa. Mwaka 1967 balozi wa Uingereza mjini Washington alipinga asipewe, kwa hoja kwamba kingewakumbusha Wamarekani picha ya Mwingereza wa aina ya Bertie Wooster. Kikaja Januari 1975, katika orodha moja na Charlie Chaplin. Wiki sita baadaye Wodehouse alifariki hospitalini, akiwa na riwaya ya Blandings ambayo hajaimaliza. Mwaka 2019 aliwekewa jiwe la kumbukumbu Westminster Abbey.

Nianze na kitabu gani?

Kama unapenda hadithi fupi, *Carry On, Jeeves* (1925). Kama unataka riwaya, *Right Ho, Jeeves*, kisha *The Code of the Woosters*. Kwa Blandings, *Leave It to Psmith* (1923) au *Summer Lightning* (1929). Usisome vitatu mfululizo. Mipango itaanza kukuchanganya, utamsubiri mtu atoke kabatini ambaye yumo kwenye kitabu kingine.

Vinapatikana bure?

Vya mwanzo, ndiyo. Vile vilivyochapishwa Marekani kabla ya 1929 havina tena hakimiliki huko, na kadhaa vimo Project Gutenberg, ikiwemo *My Man Jeeves*, *Psmith in the City* na *Piccadilly Jim*. Anayependa kutazama kuliko kusoma atafute tamthilia ya televisheni ya 1990 hadi 1993, Stephen Fry akiwa Jeeves na Hugh Laurie akiwa Bertie. Laurie anajua kupiga piano, na Bertie naye anapiga, kwa hiyo hapo hakuna udanganyifu.